Fahamu: Kufia ukimbizini Dzaleka

Dzaleka, wilayani Dowa nchini Malawi, si mbali na mji mkuu Lilongwe, ilikuwa gereza la wapinzani enzi za Rais Kamuzu Banda. Tangu 1994 ni kambi ya wakimbizi. Ilikusudiwa watu wapatao 10,000. Sasa ina zaidi ya 50,000, wengi kutoka Kongo, Burundi na Rwanda. Wapo waliozeekea humo, na wapo wanaougulia humo hadi mwisho.

Asiyetarajiwa kupona bado anastahili tiba shufaa: kutulizwa maumivu, kusikilizwa, na familia yake kushikwa mkono. Dawa kuu ya maumivu katika tiba hiyo, mofini ya maji, ni nafuu; hunywewa kila baada ya saa nne. Rufaa huweza kufika Hospitali Kuu ya Kamuzu, Lilongwe, safari nzito kwa mgonjwa ambaye kwa sera ya nchi anatakiwa kukaa kambini.

Maumivu yakitulia, maneno hutoka. Nizikwe wapi? Nani atawaarifu ndugu wa Uvira, kule Kongo? Nani nimwombe radhi? Kusafirisha mwili hadi kwa wazee wake ni gharama isiyobebeka, hivyo swali la kaburi huweza kumtesa mgonjwa kuliko ugonjwa wenyewe. Wauguzi wengi huzungumza Kichewa, ambacho si lugha ya mgonjwa. Kwangu mimi, mtu wa kumsikiliza mgonjwa kwa Kiswahili au Kirundi ni wa lazima kama ile mofini.