Miezi Minne Juu ya Paa la Migosi

Stima ilipotea saa mbili kasorobo usiku, mtaa wetu wa Migosi, Kisumu, ukabaki na taa za boda boda tu. Siku hiyo sikulalamika. Nilichukua darubini ya mitumba niliyoinunua soko la Kibuye, ile ya macho mawili inayokuza mara 10, nikapanda hadi juu ya paa, kati ya tangi la maji na kamba za nguo. Upande wa milima ya Nandi, Mshtarii, ile sayari wengi wetu tunayoiita Jupita, ilikuwa imekwisha chomoza. Mikono hutetemeka, kwa hiyo niliegemeza viwiko kwenye tangi.

Kijana wa mpangaji wa chini, aliye gredi ya nane, alinifuata kama kawaida yake. Nikampa aangalie. Akanyamaza kidogo.

"Baba Akinyi, mbona iko na vitoto?"

"Vingapi?"

"Tatu. Ziko laini moja."

Nikamwambia achore kwenye daftari lake la hesabu, aandike tarehe na saa, basi tukalale.

Usiku wa tarehe 7 Januari 1610, mwalimu wa hesabu mjini Padua, Italia, aliona vitoto vitatu vilevile, akadhani ni nyota za kawaida zilizotokea nyuma ya sayari. Huyo ndiye Galileo Galilei, mzaliwa wa Pisa, mwaka 1564. Baba yake, mwanamuziki, alitaka mtoto awe daktari. Mtoto akaacha masomo ya udaktari bila shahada, akahamia hesabu. Kisumu kuna wazazi wengi wanaoijua hadithi hiyo.

Darubini hakuivumbua yeye. Alisikia mwaka 1609 kwamba Uholanzi kuna bomba lenye vioo viwili linalosogeza vitu vya mbali, akaketi kusugua vioo vyake mwenyewe mpaka akapata bomba la kukuza kama mara 20. Wengine walikuwa nalo bomba la namna hiyo na waliliona kama chombo cha kutazamia meli. Alichowazidi Galileo, kwa maoni yangu, ni daftari. Tarehe 8 alirudi, akakuta nyota zote tatu zimehamia magharibi. Tarehe 9 kulikuwa na mawingu, adha tunayoijua sisi wa kando ya ziwa. Tarehe 10 zilizobaki zilikuwa mbili, zote mashariki. Tarehe 13 zikawa nne. Kila usiku alichora duara dogo na vijinyota pembeni. Mwishowe maelezo yakabaki moja: hizi ni miezi, nayo inaizunguka Mshtarii.

Kwa nini jambo hilo liwashtue watu? Mwanafalaki Copernicus alikuwa ameandika mwaka 1543 kwamba dunia hulizunguka jua. Wapinzani waliuliza: kama dunia inakwenda, mbona haiuachi mwezi wake njiani? Sasa hii hapa Mshtarii, ambayo kila mtu alikubali kwamba inakwenda, na haijaacha hata mmoja kati ya minne. Machi 1610 Galileo alichapisha kijitabu huko Venice, akaieleza miezi hiyo pamoja na milima ya mwezi wetu, ambayo urefu wake aliukadiria kwa umbali wa vilele vilivyong'aa ndani ya giza kutoka mpaka wa mwanga. Miezi minne aliipa jina la ukoo wa Medici, watawala wa Florence, na mwaka huohuo akapata kazi kwao. Kujitafutia riziki alijua pia. Kabla mwaka haujaisha aliona Zuhura ikipungua na kujaa kama mwezi, jambo lisilowezekana ila kama nayo inalizunguka jua.

Kesi yake imesimuliwa mno. Kanisa Katoliki lilimwonya mwaka 1616 asitetee mwendo wa dunia, akauandikia tena mwaka 1632, na tarehe 22 Juni 1633 akapiga magoti Roma kuyakana mafundisho yake. Alifungiwa nyumbani, kijijini Arcetri, hadi kifo chake mwaka 1642. Mwaka 1992 Papa Yohane Paulo wa Pili alikiri kwamba waliomhukumu walikosea.

Kosa lake mwenyewe husimuliwa kidogo. Aliamini kwamba kujaa na kupwa kwa bahari ni kwa sababu ya mwendo wa dunia, akawacheka waliosema ni kazi ya mwezi. Mvuvi yeyote wa Lamu angemsahihisha: bamvua huja mwezi ukiandama na ukiwa mpevu. Kwetu ziwani mwezi hutuhesabia kazi kwa njia nyingine. Wavuvi wa omena hutega kwa taa usiku, na mbalamwezi ikitawala taa hazivuti samaki, kwa hiyo wengi hupumzika hadi giza lirudi.

Uchunguzi wa anga ulifika hadi pwani yetu kupitia Mwitaliano mwingine, Riccardo Giacconi, aliyeongoza kazi ya setilaiti ya kwanza ya kuchunguza miale ya eksirei kutoka angani. Ilirushwa kutoka jukwaa la San Marco, baharini karibu na Malindi, tarehe 12 Desemba 1970, siku Kenya ilipotimiza miaka saba ya uhuru. Ndiyo maana iliitwa Uhuru.

Tukirudi juu ya paa, kijana amekwisha jaza kurasa mbili. Ametambua jambo ambalo sikumfundisha: michoro ya Galileo imelala, yake imesimama. Ni kweli. Hapa karibu na ikweta sayari huchomoza kama lifti, na miezi yake husimama juu na chini yake.

Ukipata darubini, jaribu usiku saba mfululizo. Ila mchana usiielekeze kwenye jua, hata kwa sekunde moja, utapofuka. Galileo alipochunguza madoa ya jua aliacha mwanga upite ndani ya bomba uangukie karatasi, akachora alichokiona kwenye karatasi.