Nchi ya kubuni yatufunza kuwatunza wagonjwa wa akili

Wapo wanaodhani kuwa hadithi za wachawi, majoka na pete za ajabu ni za kuwapumbazia watoto, na kwamba mtu mzima azisomaye anapoteza wakati wake. Dhana hiyo haina mashiko. Katika The Lord of the Rings, kitabu kilichochapishwa kwa majuzuu matatu mwaka 1954 na 1955, Mwingereza J.R.R. Tolkien alibuni nchi nzima, akaipa milima, lugha na historia yake. Ndani ya nchi hiyo alionyesha namna ya kuwatunza waliojeruhiwa akilini, kwa utu ambao sisi tunaoishi katika nchi ya kweli bado hatujaufikia.

Tolkien aliyajua majeraha ya vita. Mwaka 1916 alikuwa afisa wa mawasiliano katika mapigano ya Somme, nchini Ufaransa, hadi alipopatwa na homa ya mahandaki ienezwayo na chawa, akarudishwa kwao. Kufikia mwaka 1918 marafiki zake wote wa karibu, isipokuwa mmoja, walikuwa wamekufa. Zama hizo askari aliyetetemeka na kupotewa na kauli kwa yale aliyoyaona aliweza kuitwa mwoga. Jeshi la Uingereza liliwapiga risasi baadhi ya askari wake kwa makosa kama uoga na utoro. Watu 306 miongoni mwao walikuja kusamehewa mwaka 2006, wakiwa wamelala kaburini kwa takriban miaka 90.

Katika nchi aliyoibuni, mambo ni kinyume. Mjini Minas Tirith mna Nyumba za Uponyaji, zenye bustani, msimamizi na wauguzi. Humo analetwa Éowyn, mpwa wa mfalme, aliyemwua jemadari wa maadui vitani kisha akazimia kwa sumu ya uchawi iitwayo Pumzi Nyeusi. Aragorn anamtibu kwa majani ya mitishamba, naye anazinduka. Hata hivyo, huzuni yake haikuanza siku ile. Kwa miaka mingi alimuuguza mjomba wake huku ndoto zake mwenyewe zikififia, mpaka akaenda vitani akitafuta kifo. Kaka yake mwenyewe hakuwa amelitambua jambo hilo. Aragorn akiri kwamba dawa yake haiwezi kuifikia huzuni hiyo. Kinachomwinua Éowyn ni siku kadhaa za kukaa bustanini na Faramir, mgonjwa mwenzake, ambaye anamsikiliza bila kumlaumu wala kumharakisha.

Msomaji na atafakari hapa. Katika nchi hiyo uchawi upo kwelikweli na kila mtu anaushuhudia kwa macho. Hata hivyo, aliyeathiriwa nao hashukiwi wala hatengwi; anapelekwa hospitalini, analazwa kwenye shuka safi na kupewa mtu wa kuzungumza naye. Sisi je? Mwaka 2020 shirika la Human Rights Watch lilitoa ripoti kuhusu wagonjwa wa akili wanaofungwa minyororo katika nchi zipatazo 60 duniani, Kenya ikiwamo, na aghalabu sababu ni imani kwamba wamerogwa au wamepagawa na pepo.

Tolkien hakuisahau kamba. Gollum, kiumbe aliyeharibiwa na uraibu wa pete, anayejisemesha kwa sauti mbili zinazobishana, anafungwa kamba mguuni na kulia kwa maumivu. Frodo anamhurumia, anamtaka kiapo, kisha kamba inafunguliwa. Mwenye kutetea minyororo atasema kuwa Gollum baadaye aliwasaliti. Ni kweli, na mwandishi hakuificha kweli hiyo: huruma haimponyi kila mtu. Lakini bila ya Gollum aliyehurumiwa, pete isingeangamia, maana Frodo mwenyewe alishindwa kuitupa dakika ya mwisho.

Naye Frodo anarudi kijijini akiwa mshindi, lakini hana amani. Kila mwaka, tarehe alizojeruhiwa zinapowadia, anaugua tena, na maumivu hayo anayaficha hata kwa Sam, rafiki yake wa chanda na pete. Majirani wanaendelea na mavuno na harusi zao, wala hawampi heshima kubwa. Baada ya takriban miaka miwili anapanda jahazi kuihama nchi aliyoiokoa. Wahenga walinena kuwa mficha maradhi kifo humuumbua; lakini mtu atayafichuaje ikiwa jamii humcheka au humwambia ashukuru kuwa yu hai?

Hapa Kenya zipo dalili za mwamko. Marekebisho ya Sheria ya Afya ya Akili ya mwaka 2022 yanazibebesha serikali za kaunti jukumu la kutoa huduma hizi karibu na wananchi. Mnamo Januari 2025 Mahakama Kuu iliamua kwamba kumshtaki mtu aliyejaribu kujiua ni kinyume cha Katiba. Kwa miongo mingi sheria yetu ilikuwa ikimchukua mtu aliyekata tamaa kama Éowyn na kumfikisha kizimbani.

Sheria pekee haitoshi. Kaunti zinapaswa kuwa na wauguzi wa akili na dawa katika zahanati, ili mzazi asione kamba kuwa ndiyo tiba pekee iliyo karibu naye. Viongozi wa dini wanaoombea wagonjwa nao wawaelekeze hospitalini. Na kila mmoja wetu amwangalie vyema yule anayeishi naye, hasa yule anayewauguza wengine bila kulalamika, kwa maana huenda hakuna aliyewahi kumuuliza hali yake. Nyumba za Uponyaji hazihitaji uchawi ili zijengwe. Zahitaji bajeti, subira na watu walio tayari kusikiliza.