MCHUNGAJI NA MBWA WAKE

Wanafunzi wenzetu, hapa kwetu Maniema mtu akiingia porini na mbwa wenye kengele ya mti shingoni, anatafuta nyama ya kula. Namna gani basi mchungaji wa kanisa apande farasi siku nzima nyuma ya mbweha, mnyama asiyeliwa? Uingereza ya zamani wachungaji wa namna hiyo walikuwa wengi.

Sababu ni hii. Kanisa la Anglikana lilikuwa kanisa la serikali. Mchungaji wa kijiji hakungojea sadaka tu. Aliishi kwa zaka ya mazao na kwa mapato ya shamba la kanisa. Tena mara nyingi mwenye mashamba makubwa ndiye alimchagua, akaweka mtoto wake au rafiki. Basi mchungaji alikuwa bwana kati ya mabwana, na mchezo wa mabwana ulikuwa kuwinda.

Aliyejulikana kupita wote ni John Russell, aliyezaliwa 1795 katika jimbo la Devon. Akiwa mwanafunzi kama sisi, alifuga mbwa kwa siri pamoja na mwenzake. Walipokamatwa mwenzake alifukuzwa, Russell akachapwa fimbo tu! Mwaka 1819, akisoma Oxford, aliona kwa muuza maziwa mbwa jike mdogo mweupe, akamnunua palepale. Jina lake Trump.

Mdogo wa nini? Biblia yenyewe inatuambia mbweha wana pango. Mbwa wakubwa wakimfukuza anaingia chini ya udongo, nao hawawezi kumfuata. Hapo anatumwa mdogo. Anabweka mbele ya mbweha mpaka atoke, lakini asimwue. Rangi nyeupe inasaidia watu wasimchanganye na mbweha, kwa maana yule wa Ulaya ni mwekundu.

Mwaka 1826 Russell alimwoa Penelope Bury, binti wa amiri, mwenye mali. Kisha alikaa Swimbridge zaidi ya miaka 40. Tusiseme alikuwa mvivu: alikuta ibada moja tu kila siku ya Mungu, akazifikisha nne. Lakini askofu wake, Henry Phillpotts, hakupenda mambo ya mbwa. Inasimuliwa kwamba alimwamuru aache kuwafuga. Russell akakubali, akaongeza kwamba bibi yake ndiye atawafuga! Watu wanacheka habari hiyo mpaka leo. Mimi namhurumia bibi, kwa sababu mali yake ndiyo ililisha mbwa wale. Wanakula kila siku, wanataka watumishi, farasi nao vilevile. Mara kadhaa feza ilikwisha, Russell akauza mbwa wote, halafu akaanza tena.

Penelope alikufa 1875. Miaka michache baadaye mzee, mwenye zaidi ya miaka 80, alilazimika kuhamia kanisa la Black Torrington kwa sababu mshahara wa kule ulikuwa mkubwa zaidi. Rafiki yake alikuwa mwana wa mfalme, yule aliyekuja kuwa Edward wa Saba, lakini urafiki haulipi madeni. Alikufa 1883, akazikwa Swimbridge.

Tangu 2005 sheria ya Uingereza inakataza kuwinda mbweha kwa kundi la mbwa. Mbwa wadogo wanaoitwa Jack Russell wamebaki, na wengi wao sasa wanalala ndani ya nyumba za watu, juu ya viti.