Mchezaji Mbele ya Kipaza Sauti

Mchezaji wa gofu wa kulipwa anapokatazwa na mwili wake, walio wengi hudhani kwamba kazi yake imekwisha. Maisha ya marehemu Ken Venturi wa Marekani yanatuonyesha kuwa sivyo.

Bwana huyo alizaliwa San Francisco mwaka 1931, akakua na kigugumizi kizito. Aliupenda gofu kwa kuwa ni mchezo ambao kijana aweza kuucheza peke yake, pasipo kulazimika kumjibu mtu. Mwezi wa Juni 1964, katika Mashindano ya Wazi ya Marekani yaliyofanyika karibu na mji wa Washington, alicheza mashimo 36 kwa siku moja katika joto lililokaribia nyuzi 38. Baada ya mashimo 18 ya asubuhi daktari alimshauri aache, kwani maisha yake yalikuwa hatarini. Hakuacha. Aliendelea, daktari akimfuata uwanjani, na akashinda kwa tofauti ya mapigo manne. Haukupita muda mrefu mikono yake ikapatwa na maradhi ya mishipa ya fahamu, vidole vikafa ganzi.

Mwaka 1968 alijiunga na televisheni ya CBS akiwa mchambuzi. Mwenye kigugumizi, mbele ya mamilioni ya watazamaji! Kazi hiyo aliifanya hadi mwaka 2002.

Sisi hatuoni muujiza hapo. Mtangazaji yeyote aweza kueleza mpira umeangukia wapi. Lakini aliyewahi kuusimamia mpira huo, magoti yakimtetemeka, ndiye awezaye kueleza kwa nini mchezaji amechagua fimbo hii akaiacha ile, na upepo utamdanganya wapi. Tena hujua wakati wa kunyamaza, jambo ambalo watangazaji wengi, tuseme kweli, hawalijui.

Hapa Unguja na Pemba gofu si mchezo wa wengi. Lakini televisheni ya rangi tunayo tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970, na tunao wachezaji wa kandanda na manahodha wa ngalawa waliokwisha kustaafu. Tunawaomba wakubwa wanaohusika, wanapotafuta mtu wa kuyaeleza mashindano, wasimkatae mzee wa uwanjani kwa sababu tu ulimi wake ni mzito. Wampe mafunzo ya miezi michache, na nauli ya kumfikisha studio, kisha wamsikilize.