Ardhi Iliyo Kortini: Utangulizi

Elimu unayoiingia inamhusu mtu ambaye mara nyingi hukumbukwa mwisho: aliyenunua nyumba, shamba au ploti wakati wengine wakiigombania kortini. Ametoa pesa zake, pengine baada ya kuuza ngamia, kisha hukumu inasomwa na jina lake halimo.

Je, hukumu hiyo inamfunga? Jibu la kwanza ni gumu, na ni heri ulisikie mapema: ndiyo, inamfunga. Kanuni inayomfunga ilifika Kenya kupitia Sheria ya India ya Uhamishaji wa Mali ya 1882, kifungu cha 52: kesi ikiendelea, hakuna upande unaoweza kuihamisha mali hiyo kwa kudhuru haki za mwenzake, isipokuwa kwa idhini ya mahakama. Katika kesi ya Mawji ya 1976, Jaji Madan alieleza kwamba kanuni hii inashinda hata kinga ambayo usajili humpa mwenye hati. Sheria ya India ilifutwa Kenya mwaka 2012, lakini majaji wameendelea kuitumia kanuni.

Wengi hudhani mnunuzi akithibitisha kuwa hakujua, ataokoka. Sivyo. Tangu kesi ya Bellamy na Sabine, Uingereza, 1857, msingi umekuwa haja ya kesi kufika mwisho, wala si kujua kwa mnunuzi. Bila kanuni hii, anayeelekea kushindwa angemuuzia mwingine, na mshindi angeanza upya kila mara. Hata hivyo mauzo hayafi moja kwa moja. Mnunuzi husimama pale aliposimama muuzaji: huyo akishinda, naye amepona, akishindwa, ameanguka naye. Anaweza kuomba aunganishwe katika kesi, na anaweza kumdai muuzaji fedha zake.

Lakini hayo yote hubebeka kwa urahisi zaidi penye rejista ya ardhi. Huko mahakama huweza kuamuru zuio liandikwe kwenye ukurasa wa ardhi, na anayepekua hulikuta. Sasa njoo Garissa. Sehemu kubwa ya ardhi ya Garissa, Wajir na Mandera ni ya jamii, na haijasajiliwa. Serikali za kaunti zimeishika kwa amana, na Sheria ya Ardhi ya Jamii ya 2016 inazikataza kuiuza. Mjini, wengi wanashikilia barua za ugawaji zilizotolewa na mabaraza ya zamani ya serikali za mitaa. Katika kesi ya Torino ya 2023, Mahakama ya Juu iliamua kwamba barua ya ugawaji, peke yake, haimpi mtu haki juu ya ardhi. Basi anayenunua ploti Bulla Iftin kwa barua na mashahidi hana ukurasa wa kupekua, wala mahakama haina mahali pa kuandika zuio lake. Kesi ipo Mahakama ya Mazingira na Ardhi, hapo hapo mjini, na asiyekwenda kuuliza hataijua. Kumbebesha mtu huyu mzigo ule ule wa mnunuzi wa Nairobi, kwa maoni yangu, si haki.

Kuna pia maslaha, yaani usuluhishi wa wazee. Kifungu cha 159 cha Katiba kinazitaka mahakama kukuza njia za jadi za kutatua migogoro, na hapa Kaskazini Mashariki ugomvi mwingi wa ardhi huanza kwa wazee. Je, ardhi ikiuzwa wazee wakiwa bado wanasikiliza, mnunuzi afungwe na uamuzi wao? Sheria ya 1882 iliwaza kesi ya mahakamani tu. Mimi naona aliyejua afungwe, na swali hili linahitaji vijana wanaozijua sheria zote mbili, ya kortini na ya wazee. Mirathi iliyo mbele ya Kadhi haina utata huo: ni kesi kamili, na mrithi mmoja hawezi kuuza fungu la wenzake.

Ndugu yangu unayetaka kununua, usilipe kwanza: uliza masijala ya Mahakama ya Ardhi na ya Kadhi, kwa jina la muuzaji na kwa namba ya ploti, kisha uwaulize majirani na wazee.