Je, Wajua? Bakteria wa Bombani

Je, wajua kuwa usaha unaweza kuwa wa buluu? Mwaka 1882 mfamasia Mfaransa, Carle Gessard, alichunguza bandeji zilizogeuka rangi akamkuta bakteria tunayemwita leo Pseudomonas aeruginosa. Tena hunukia zabibu!

Je, wajua kuwa mtu mzima wa afya hana sababu kubwa ya kumwogopa? Huyu ni mviziaji. Humngoja aliyeungua moto, mtoto njiti, mgonjwa wa saratani, au aliyewekewa mpira wa mkojo.

Je, wajua anapopenda kukaa? Majini. Mwanzoni mwa 2012 watoto wachanga watatu walifariki katika wodi moja mjini Belfast, na bakteria huyu akapatikana kwenye mabomba ya maji. Mabomba yaleyale ya kunawia mikono!

Je, wajua kwa nini dawa humshindwa? Ana pampu kwenye ukuta wa seli yake: antibiotiki ikiingia, huitema nje kabla haijafanya kazi. Hujifunika utando wa ute usiopenyeka kirahisi. Na juu ya hayo huazima jeni za usugu kutoka kwa bakteria wenzake. Kabila lake moja sugu lilisambaa Marekani mwaka 2022 na 2023 kupitia matone ya macho: wagonjwa 81 katika majimbo 18, 14 wakapoteza uwezo wa kuona, wanne wakafariki. Matone ya macho, jamani.

Je, wajua kuwa aliwahi kuwa dawa? Mwaka 1899 Wajerumani Rudolf Emmerich na Oscar Löw walitengeneza piosianase kutokana naye, miaka 29 kabla Fleming hajagundua penisilini. Ikaachwa baadaye, matokeo yake hayakutabirika.

Je, wajua kuwa pampu ile inaweza kumponza? Mwaka 2016 watafiti wa Chuo Kikuu cha Yale walieleza habari za kirusi kilichotoka kwenye bwawa moja la Connecticut, ambacho humshika bakteria huyu palepale penye pampu. Akiibadili pampu ili akikwepe kirusi, dawa zilizokwisha kumshindwa humpata. Kwangu mimi, huo ndio mtego bora kuliko yote.

Je, wajua kuwa maji ya chombo cha maua nayo humfuga? Ndiyo maana wodi nyingi za mahututi hukataa maua. Ukienda kumwona mgonjwa, yaache nyumbani, na upake mikono dawa ya spiriti kabla hujamgusa.