Nchi Isiyouzwa

Katika Bahari ya Pasifiki, mbali mashariki ya Australia, viko visiwa viitwavyo Tonga. Jumla yake vyapata 170, lakini vingi havikaliwi na watu.

Hapo zamani wakuu wa Tonga waliwatumikisha raia kwa nguvu, na mazao yao wakayatwaa kama walivyopenda. Mfalme Tupou wa Kwanza aliuona ubaya wa desturi hiyo. Mwaka 1862 akatoa amri kwamba watu wote wawe huru, wala mkuu asimnyang'anye mtu mali yake.

Tena mfalme aliona jinsi visiwa vya jirani vilivyotwaliwa na mataifa ya Ulaya. Mwaka 1874 Fiji iliingia katika mikono ya Uingereza. Basi mwaka 1875 akaweka Katiba, na ndani yake akakataza ardhi isiuzwe kabisa. Mgeni aweza kupangishwa shamba, lakini kulinunua hawezi.

Tangu 1900 hata 1970 Tonga ilikuwa chini ya ulinzi wa Uingereza, walakini wafalme wake hawakuondolewa. Hata leo nchi ina mfalme wake, na ardhi yake haiuzwi.